Kuta za Athens na Waliozigharamia

Mheshimiwa Mwenyekiti, walimu wangu, wanafunzi wa historia na wa usanifu majengo, wageni waalikwa, mabibi na mabwana:

Nilipoombwa nizungumzie ngome za miji ya kale ya Ugiriki, niliomba ruhusa ya kukaa katika mji mmoja badala ya kupita katika mingi kwa haraka, na nashukuru kwamba nilikubaliwa. Nimechagua Athens. Sikuichagua kwa uzuri wa mabaki yake, maana anayetaka kuona ukuta wa Kigiriki uliosimama kwa fahari na aende Messene, mji ulioasisiwa mwaka 369 KK kwa msaada wa jemadari Epaminondas wa Thebes, akalitazame lile Lango la Arcadia na minara iliyo jirani nalo. Athens ya leo imekaa juu ya kuta zake za zamani, na sehemu kubwa ya kuta hizo imo chini ya maduka, barabara na vyumba vya chini vya majengo. Nimeichagua kwa sababu sijui mji mwingine wa Kigiriki ambao umetuachia habari nyingi kiasi hicho kuhusu watu waliouzunguka ukuta: nani alishauri ujengwe, nani alikula njama usijengwe, ng'ombe wa kuvuta mawe walikodiwa kwa fedha ngapi, na nani walilala ndani ya minara vita vilipopamba moto.

Hoja yangu jioni hii ni moja. Kabla ya kuwa mawe, kuta za Athens zilikuwa mapatano. Kila zilipojengwa, wananchi walikubaliana, wengine kwa moyo mkunjufu na wengine kwa kukosa la kufanya, kwamba kitu fulani kiokolewe na kingine kiachwe, na mara nyingi aliyebeba mzigo wa uamuzi huo hakuwa yule aliyeupendekeza. Tukizitazama hivyo tutaelewa jambo ambalo kwa mtazamo wa kijeshi peke yake linashangaza: kwa karibu miaka 390 baada ya ukuta mkuu wa mji kujengwa, hakuna jeshi lililouteka mji huo kwa kuuvunja ukuta, na hata hivyo katika kipindi hicho hicho mji ulisalimu amri zaidi ya mara moja.

Nianze na ukuta wenyewe, kwa ajili ya wenzetu wa usanifu. Mtu akisikia habari za ukuta wa Kigiriki hufikiria mawe matupu kutoka chini hadi juu. Ukuta wa Athens uliozunguka mji kwa takriban kilomita 6 na nusu ulikuwa na msingi wa mawe ambao haukupanda sana juu ya ardhi, na juu yake yakapangwa matofali mabichi, yaani udongo uliokandwa, ukatiwa kwenye kalibu na kuanikwa juani. Unene wake ulikuwa kati ya mita 2 na nusu na 3, kutegemea mahali. Udongo haukuchaguliwa kwa umaskini tu. Matofali ya aina hiyo hutengenezwa pale pale penye kazi, na watu ambao si waashi, hayashiki moto, na yanapopigwa kwa gogo la kubomolea hubonyea mahali pamoja, wakati jiwe hupasuka na kuyumbisha majirani zake. Adui yao mkubwa ni mvua. Ndiyo maana chini kuliwekwa mawe, na ndiyo maana mwishoni mwa karne ya 4 KK tunaona azimio la wananchi linalohusu kuiezeka njia ya walinzi iliyopita juu ya ukuta. Ukuta wa udongo haujengwi mara moja ukaachwa; kila kizazi kinaukuta ukidai matengenezo, na kila kizazi kinalazimika kuamua upya kama unastahili gharama hiyo.

Sasa tuje kwenye mwaka 479 KK. Mwaka mmoja kabla, mfalme Xerxes wa Uajemi alikuwa ameuteka mji na kuuchoma. Kisha jemadari wake Mardonius akauingia tena na kumalizia kilichobaki. Wakazi walikuwa wamekimbilia Salamis, Aegina na Troezen. Waajemi waliposhindwa katika vita vya Plataea na Waathene wakarudi kwao, walikuta vipande vichache tu vya ukuta wa zamani vimesimama, na nyumba chache zilizosalimika kwa sababu wakubwa wa Kiajemi walikuwa wamelala humo. Kabla hawajamaliza kushusha mizigo, ujumbe ukafika kutoka Sparta, mshirika wao katika vita hivyo, ukiwasihi wasijenge ukuta. Sababu iliyotolewa ilisikika kuwa ya busara: Waajemi wakirudi, wasikute mji wenye ngome wa kuufanya kituo chao. Sababu ya kweli ilikuwa hofu ya manowari za Athens na ya ujasiri ambao Waathene walikuwa wameuonyesha vitani.

Themistocles, yule aliyewashawishi wananchi wenzake kujenga manowari hizo, akapanga hila ambayo mwanahistoria Thucydides ameisimulia kwa kirefu. Alijituma mwenyewe kwenda Sparta mara moja, akaagiza wajumbe wenzake wacheleweshwe mpaka ukuta ufikie kimo cha kuweza kupiganiwa. Alipofika Sparta hakwenda mbele ya wakuu wa mji. Kila alipoulizwa alijibu kwamba anawangoja wenzake na kwamba anashangaa kwa nini hawajafika. Wasafiri walipoanza kuleta habari kwamba ukuta unapanda, aliwaambia Wasparta wasisikilize maneno ya njiani, wapeleke watu wao wakajionee. Na kwa siri akatuma ujumbe Athens kwamba watu hao wakifika wazuiliwe, bila kuonekana wamefungwa, mpaka yeye na wenzake warudi salama. Wajumbe wenzake, Aristides na Abronichus, walipomfikia na kumthibitishia kwamba kazi imefika mahali pa kutosha, alisimama na kutamka wazi kwamba Athens sasa ina ukuta, na kwamba kuanzia siku hiyo atakayetaka kuzungumza nayo azungumze na watu wanaojua wenyewe lililo jema kwao. Wasparta walikasirika kimoyomoyo wakaondoka bila kusema neno. Mimi huona kwamba uhasama wa nusu karne iliyofuata ulianzia pale pale.

Huku nyumbani agizo lilikuwa kwamba kila mtu ajenge, wanaume, wanawake na watoto, na kwamba jengo lolote, la mtu binafsi au la umma, likiwa na faida kwa ukuta, lisihurumiwe. Thucydides, aliyeandika miongo kadhaa baadaye, anasema kwamba hata wakati wake haraka hiyo ilionekana wazi: misingi ilikuwa ya mawe ya kila aina, mengine hayakuchongwa yakae pamoja, yakawekwa jinsi kila mtu alivyoyaleta, na nguzo nyingi kutoka makaburini zilichanganywa humo.

Wachimbaji wa mambo ya kale wamemthibitisha shahidi huyu kwa namna ambayo wanahistoria huiota. Mwaka 1922, katika eneo la Kerameikos kaskazini-magharibi mwa mji wa kale, ndani ya ukuta wa Themistocles, lilitolewa jiwe la marumaru ambalo hapo mwanzo lilikuwa kitako cha sanamu ya kaburi. Leo lipo katika Makumbusho ya Taifa ya Akiolojia mjini Athens. Pande zake tatu zimechorwa kwa kuchongwa: upande mmoja vijana wanapigana mieleka, upande mwingine vijana wanacheza mpira, na upande wa tatu vijana wawili wameketi wakiwa wameshika kamba, mmoja amemshika mbwa na mwingine paka, na wanyama hao wamekabiliana, huku wenzao waliosimama wakitazama kitakachotokea. Ni kazi ya mikono ya fundi hodari, iliyochongwa yapata mwaka 510 KK, kwa hiyo ilikuwa na umri wa miaka thelathini hivi ilipong'olewa na kugeuzwa kuwa tofali. Wapo waliokuwa hai ambao bila shaka walimfahamu marehemu.

Naomba tusipite haraka hapa. Makaburi ya aina hiyo hayakuwa ya kila mtu. Yalikuwa ya familia zenye mali, zilizoweza kumlipa mchongaji na kusimamisha sanamu kando ya barabara ili kila apitaye ajue ni ukoo gani umelala pale. Katika majuma yale ya haraka, kumbukumbu za koo hizo zilimezwa na ukuta wa wananchi wote. Sisemi kwamba ilikuwa njama dhidi ya matajiri, kwa sababu mawe ya makaburi yalikuwa karibu na mahali pa kazi, na mtu mwenye haraka huchukua jiwe lililo karibu. Lakini kundi moja la watu lilitoa kitu ambacho halikurudishiwa, na katika historia ya kuta hizi jambo hilo litajirudia, ingawa kundi la watoaji litabadilika.

Themistocles mwenyewe hakuridhika na ukuta wa mji. Moyo wake ulikuwa Piraeus, bandari yenye ghuba tatu za asili. Huko ukuta ulijengwa kwa namna nyingine kabisa. Unene wake ulitosha mikokoteni miwili ya mawe kupishana juu yake, na ndani hapakuwa na kifusi wala udongo. Yalikuwa mawe makubwa yaliyochongwa kwa pembe mraba, yakafungwa kwa upande wa nje kwa chuma na risasi. Ulifikia karibu nusu tu ya kimo alichokikusudia, na hata hivyo ulitosha. Aliwashauri Waathene mara kwa mara kwamba wakizidiwa nchi kavu washuke bandarini na kuukabili ulimwengu wote kwa manowari zao.

Ushauri huo ulikuwa na tatizo moja la kijiografia: kati ya mji na bandari kulikuwa na mwendo wa kilomita 6 hivi za mashamba wazi. Tatizo hilo ndilo lililozaa Kuta Ndefu, kazi kubwa kuliko zote. Ukuta mmoja ulitoka mjini hadi Piraeus na mwingine hadi pwani ya Phaleron, na zote mbili zilikamilika katika miaka ya 450 KK. Sehemu ya njia ilipita kwenye matope, na inasimuliwa kwamba Cimon, mwanasiasa tajiri, aligharamia kumwaga kokoto na mawe mazito mpaka msingi ukapata pa kukaa. Baadaye, kwa pendekezo la Pericles, kiongozi mashuhuri wa Athens, ukajengwa ukuta wa tatu, sambamba na ule wa Piraeus na karibu nao, mkandarasi akiwa Callicrates, ambaye jina lake linahusishwa pia na hekalu la Parthenon. Kazi ilisuasua kiasi kwamba mtunzi mmoja wa vichekesho vya jukwaani alimkejeli Pericles kuwa ukuta huo anausukuma siku zote kwa maneno, lakini kwa vitendo hausogei.

Kuta Ndefu ziliufanya mji wa bara kuwa kisiwa. Nafaka iliyotoka Bahari Nyeusi iliweza kushushwa Piraeus na kufika sokoni Athens hata kama jeshi la adui limepiga kambi pande zote. Kwa hesabu ya kijeshi, hii ilikuwa kazi ya akili nyingi. Kwa hesabu ya kisiasa iligusa kila mtu. Manowari ya wakati ule ilihitaji wapiga makasia 170, na wapiga makasia wengi walikuwa watu wasio na ardhi. Mji unaotegemea ukuta na manowari unawategemea watu hao. Mji unaotegemea askari wa miguu wenye deraya na ngao unawategemea wakulima wenye uwezo wa kuzinunua, na unaotegemea farasi unawategemea matajiri. Kila jiwe lililowekwa kwenye Kuta Ndefu lilisogeza uzito wa dola kidogo kuelekea bandarini.

Waliopoteza walilijua hilo vizuri. Mwaka 457 KK, jeshi la Sparta likiwa Boeotia, nchi jirani upande wa kaskazini, kundi la Waathene lilituma ujumbe wa siri likiliita, kwa matumaini kwamba litawasaidia kuangusha utawala wa wananchi na kusimamisha ujenzi wa Kuta Ndefu. Thucydides anayataja mambo hayo mawili kwa pumzi moja, kwa maana wala njama wenyewe waliyaona kuwa jambo moja. Njama haikufaulu, Sparta ilishinda vita vya Tanagra mwaka huo, kisha ikarudi nyumbani, na kuta zikamaliziwa.

Jaribio lenyewe lilikuja mwaka 431 KK, Sparta na washirika wake walipoingia Attica, yaani nchi yote ya Waathene inayouzunguka mji. Mpango wa Pericles ulikuwa rahisi kuutamka: wananchi waache mashamba, waingie ndani ya kuta, wasitoke kupigana nchi kavu, waishi kwa bahari. Waathene wengi mpaka wakati huo walikuwa wakiishi mashambani, na wengi walikuwa ndiyo kwanza wamemaliza kujenga upya nyumba zilizoharibiwa na Waajemi. Walileta wake na watoto, vyombo vya nyumbani, na hata mbao walizozing'oa kwenye nyumba zao wenyewe. Kondoo na ng'ombe wakavushwa hadi kisiwa cha Euboea. Mjini, wachache waliokuwa na jamaa au rafiki wa kuwapokea walipokewa. Wengine walikaa viwanjani, kwenye mahekalu yasiyofungwa, na hata mahali palipoitwa Pelargikon, chini ya Acropolis, kilima chenye mahekalu katikati ya mji, ambapo kuishi kulikatazwa kwa laana. Wengi walijipangia makazi ndani ya minara ya ukuta. Baadaye eneo lililo kati ya Kuta Ndefu na sehemu kubwa ya Piraeus likagawanywa vipande vipande kwa ajili yao.

Mfalme Archidamus wa Sparta alipiga kambi Acharnae, kijiji kikubwa kuliko vyote vya Attica, kilomita kama 11 kutoka mjini. Watu wa Acharnae walikuwa juu ya ukuta au nyuma yake, na mashamba yao yalikuwa yakiharibiwa mbele ya macho yao. Vijana walitaka watoke wakapigane. Pericles alikataa kuitisha mkutano wa wananchi, kwa kuhofia kwamba hasira itaamua badala ya akili. Akaimarisha ulinzi na kutuma wapanda farasi wachache kuwazuia adui wasisogee karibu na mji. Kwa maoni yangu alikuwa sahihi kijeshi. Lakini naomba mfikirie ukuta ulionekanaje kwa mkulima wa Acharnae siku ile. Ulikuwa umemwokoa asiuawe, na wakati huo huo ulikuwa mstari uliochorwa na watu wengine, mizabibu yake ikaachwa upande wa nje.

Mwaka uliofuata, mwaka 430 KK, maradhi yaliingia kupitia Piraeus. Hapo ndipo mpango wa kuta ulipodai gharama ambayo hakuna aliyeihesabu. Wakimbizi waliishi katika vibanda visivyopitisha hewa wakati wa joto kali. Watu walifia barabarani na kuzunguka chemchemi za maji kwa kiu. Mahekalu yalijaa maiti. Thucydides, ambaye aliugua akapona, anataja vifo visivyopungua 4,400 miongoni mwa askari wa miguu waliokuwa kwenye orodha na 300 miongoni mwa wapanda farasi, na anasema kwamba idadi ya watu wa kawaida haikuweza kujulikana. Pericles mwenyewe alifariki mwaka 429 KK. Kuta hazikuleta ugonjwa huo, na hakuna aliyejua wakati ule jinsi maradhi yanavyoenea. Ila watu walibanwa pamoja kwa sababu zilikuwepo.

Ulinzi nao ulikuwa na hesabu yake. Mwanzoni mwa vita, askari 16,000 waliwekwa kulinda ukuta wa mji, Kuta Ndefu na ngome za Piraeus. Walikuwa wazee, vijana wadogo na wageni wakazi, ambao walipewa wajibu wa kulinda bila kupewa haki ya kupiga kura. Mwaka 413 KK Sparta iliacha mtindo wa kuvamia na kuondoka, ikajenga ngome ya kudumu Decelea, kilomita 20 na kidogo kaskazini mwa mji. Tangu hapo Waathene walilinda kuta mchana kwa zamu, na usiku walilinda wote isipokuwa wapanda farasi, kiangazi na masika. Thucydides anasema kwamba Athens iliacha kuwa mji ikawa kambi. Watumwa zaidi ya 20,000 walitoroka, wengi wao mafundi wenye ujuzi. Nimesoma maelezo mengi yanayoihesabu idadi hiyo kuwa hasara ya kiuchumi, nayo ilikuwa hasara kweli; hata hivyo inatuonyesha pia kwamba ndani ya ukuta ule ule kulikuwa na maelfu ya watu ambao hawakuwa na cha kulinda.

Mwisho ulikuja kwa bahari, upande ambao ukuta haukuweza kuufunga. Mwaka 405 KK Lysander wa Sparta aliziteka karibu manowari zote za Athens huko Aegospotami. Mwanahistoria Xenophon anasimulia jinsi habari zilivyofika: merikebu iitwayo Paralus iliingia Piraeus usiku, na kilio kikaanza bandarini kikapanda kati ya Kuta Ndefu hadi mjini, mtu mmoja akimpasha mwenzake. Usiku ule hakuna aliyelala. Ule ushoroba uliojengwa ili kupitisha nafaka ndio uliopitisha habari kwamba nafaka haitakuja tena.

Wasparta kwanza walidai vibomolewe vipande vya Kuta Ndefu vyenye urefu wa kilomita 2 hivi kila kimoja. Mtu mmoja aitwaye Archestratus alithubutu kusema barazani kwamba masharti hayo yakubaliwe. Akatiwa gerezani, na likapitishwa azimio la kukataza hata kulijadili pendekezo kama hilo. Mwanasiasa Theramenes akaenda kwa Lysander kutafuta masharti, akakaa huko zaidi ya miezi mitatu, na Xenophon anadai kwamba alikaa kwa makusudi, akingoja chakula kiishe mjini ili watu wakubali chochote. Waliokuwa wakifa njaa ndio waliolipia ngoja-ngoja hiyo. Mwaka 404 KK walikubali masharti mabaya kuliko yale ya kwanza: Kuta Ndefu na kuta za Piraeus zibomolewe zote, manowari zote zikabidhiwe isipokuwa 12, waliofukuzwa warudishwe, na Athens iifuate Sparta popote itakapoiongoza. Inasimuliwa kwamba kijana mmoja alimuuliza Theramenes kama anathubutu kuzikabidhi kwa Wasparta kuta ambazo Themistocles alizijenga bila ridhaa yao, naye akajibu kwamba hafanyi kinyume cha Themistocles, kwa kuwa yule alizijenga kwa ajili ya usalama wa wananchi na wao wanazibomoa kwa ajili ya usalama huo huo. Ni jibu la mwanasiasa mjanja, na bado sijaweza kuamua kama ni la uongo. Kuta zilibomolewa huku wasichana wakipuliza zumari, na waliokuwepo wakidhani kwamba siku ile ni mwanzo wa uhuru wa Ugiriki.

Haikupita miaka mingi kabla Waathene hawajaanza tena. Sifa ya ujenzi mpya hupewa Conon, jemadari wa Athens, aliyerudi na fedha za Uajemi baada ya kuishinda Sparta baharini karibu na Cnidus mnamo Agosti mwaka 394 KK. Lakini mawe yenye maandishi ya hesabu yanatupa picha tofauti kidogo. Hesabu moja, ya mwezi wa mwisho wa mwaka wa Waathene, katikati ya mwaka huo wa 394 KK, kabla ya vita vya Cnidus, inataja malipo ya vibarua: jozi za ng'ombe za kuvuta mawe, drakma 160 (drakma ni sarafu ya fedha ya Wagiriki), zana za chuma, drakma 53. Hesabu ya mwaka uliofuata inahusu kipande cha ukuta karibu na hekalu la Aphrodite huko Piraeus, kwa drakma 790, pamoja na kusogeza mawe mpaka mahali pa kazi, na mkandarasi ni Demosthenes wa Boeotia. Huyu si yule msemaji mashuhuri. Ni mtu wa nchi ambayo miaka kumi tu nyuma ilikuwa miongoni mwa adui wakali wa Athens. Mimi huyapenda mawe haya kuliko hotuba zote za Pericles. Yanatuambia kwamba ukuta ulirudi kwa vipande vidogo vya kandarasi, na kwamba fedha ya Mfalme wa Uajemi, ambaye babu zake waliuchoma mji, ilikuja kumalizia kazi iliyokwisha anzishwa na wananchi.

Nitapita haraka katika karne ya 4 KK, kwa sababu yaliyotokea yalikuwa ya kiufundi zaidi. Mashine za kurusha mawe na za kubomolea ziliboreshwa, na Athens ikaongeza ukuta wa pili wa nje na handaki pana ili kuziweka mbali. Baada ya kushindwa na Philip wa Makedonia huko Chaeronea mwaka 338 KK, hofu ilirudi, na makaburi yakavunjwa tena. Mwanasiasa Lycurgus aliwakumbusha wananchi mahakamani kwamba siku zile nchi ilitoa miti yake, marehemu wakatoa makaburi yao, na mahekalu yakatoa silaha. Safari hii Demosthenes yule msemaji alichaguliwa kusimamia ukarabati na akaongeza fedha zake mwenyewe. Pendekezo la kumtunuku taji kwa ajili ya kazi hiyo na utumishi wake mwingine likazaa kesi iliyosikilizwa mwaka 330 KK. Philip hakuja. Mwingine wa jina lake, Philip wa Tano, alikuja mwaka 200 KK akapigana mpaka kwenye lango kuu la Dipylon, lenye ua mrefu katikati ya minara, ambamo anayeingia hupigwa kutoka pande tatu; akarudi nyuma, na hasira zake akazimalizia kwenye majengo ya nje ya mji.

Aliyeuvunja ukuta hatimaye ni jemadari Mroma, Sulla, mwaka 86 KK, baada ya kuuzingira mji uliotawaliwa na dikteta Aristion. Alikuwa amekata miti ya Academy na Lyceum, viwanja vya shule za wanafalsafa nje ya ukuta, ili kuunda mashine zake, na kwa malundo ya kuzingiria Piraeus alitumia mawe na mbao za Kuta Ndefu, ambazo kufikia hapo zilikuwa zimeachwa zianguke. Mahali pa kuingilia mjini alipajua, kwa simulizi ya mwandishi wa kale Plutarch, kutokana na wazee waliosikika wakizungumza huko Kerameikos, wakimlaumu Aristion kwa kutolinda kipande kimoja cha ukuta upande wa magharibi, ambacho walisema ndicho pekee kinachopandika. Wazee hao hawakuwa wasaliti. Walikuwa wananchi wenye njaa, chini ya mtawala ambaye hawakumchagua na ambaye, inasemekana, alikuwa akila na kunywa wakati wao wakichemsha viatu na mifuko ya ngozi. Ukuta ulikuwa pale pale, kati ya Lango Takatifu na Lango la Piraeus, ila mapatano yaliyokuwa yameushikilia hayakuwepo tena.

Atakayepata nafasi ya kufika Athens aende Kerameikos, ambako msingi wa Themistocles na matabaka ya waliomfuata yamepandana na yanaweza kutofautishwa kwa macho. Kisha apite mtaa wa Aiolou, ambako mabaki ya Lango la Acharnae yameachwa yaonekane kwenye jengo la benki. Mheshimiwa Mwenyekiti, muda niliopewa umekwisha. Nimeacha kwa makusudi suala la uwiano wa mawe na matofali katika minara, kwa kuwa najua wenzetu wa uhandisi wana maswali juu yake, na ningependa tuanze na hayo.